Reli Ilipoishia: Hesabu Iliyoangusha Mipango ya Agosti 1914

Kuanzia tarehe 2 hadi 18 Agosti 1914, treni 2,150 za jeshi la Ujerumani zilivuka Mto Rhine kwa daraja la Hohenzollern mjini Köln, kila treni ikivuta mabehewa 54. Ukigawa idadi hiyo kwa siku na saa, unapata treni moja kila baada ya dakika 11 hivi, usiku na mchana, siku 17 mfululizo. Treni moja ikikwama robo saa pale darajani, iliyo nyuma yake inasimama, na ya nyuma ya hiyo nayo inasimama, na foleni inarudi hadi ndani ya Ujerumani. Haikutokea hivyo. Ratiba ilitimia. Siku 22 baada ya tarehe 18, yaani tarehe 9 Septemba, jeshi hilohilo lilianza kurudi nyuma kutoka Mto Marne nchini Ufaransa, na vita dhidi ya Ufaransa vilivyopangwa kumalizika kwa majuma sita, sehemu ya Vita vya Kwanza vya Dunia, vikaendelea kwa miaka minne.

Maelezo yaliyozoeleka ni kwamba mpango ulikuwa mzuri, ila mtu aliyeurithi aliuharibu. Alfred von Schlieffen, Mnadhimu Mkuu wa jeshi la Ujerumani kuanzia 1891 hadi mwanzo wa 1906, aliacha waraka uliotaka nguvu karibu zote zirundikwe ubavu wa kulia, zipite Ubelgiji, ziizunguke Paris na kuwabana Wafaransa kwa nyuma. Mrithi wake, Helmuth von Moltke, akapunguza uzito wa ubavu huo ili kulinda mpaka wa Alsace na Lorraine, kisha katikati ya kampeni akauondolea vikosi vikuu viwili na kuvipeleka Prussia Mashariki, jimbo la Ujerumani lililopakana na Urusi. Inasimuliwa hata kwamba Schlieffen akiwa kitandani kwa mauti alisihi ubavu wa kulia uimarishwe. Ushahidi wa kisa hicho ni dhaifu, lakini kimedumu kwa sababu kinawapendeza wanaoamini kwamba askari wachache zaidi wangetosha.

Mimi siamini hivyo. Ubavu wa kulia haukukwama kwa uchache wa watu. Ulikwama kwa sababu mpango ulipiga hesabu ya kila kitu mpaka kituo cha mwisho cha treni, na kutoka hapo ukaacha mambo kwa miguu ya watu na kwato za farasi. Ukiongeza watu kwenye hesabu ya aina hiyo, unaongeza midomo na unarefusha misafara, na barabara ni zilezile.

Tuanze na ratiba yenyewe, maana ndiyo iliyowalevya wanadhimu wa nchi zote kubwa. Kuhamasisha jeshi mwaka 1914 kulikuwa na hatua tatu zinazofuatana. Kwanza, askari wa akiba, mkulima au karani aliyemaliza utumishi wake zamani, anaripoti kwenye ghala alilopangiwa, anapewa sare, viatu, bunduki na risasi. Siku hizohizo farasi waliokwisha kuorodheshwa wanachukuliwa kwa wenyewe. Pili, kikosi kilichokamilika kinapandishwa treni. Tatu, kinashushwa kwenye eneo la mkusanyiko karibu na mpaka, na hapo ndipo kinapokuwa jeshi. Kikosi kikuu kimoja cha Wajerumani, yaani divisheni mbili pamoja na mizinga na mikokoteni yake, kilihitaji mabehewa 6,010 yaliyofungwa katika treni 140, na karibu idadi hiyohiyo tena kwa vifaa vyake.

Treni hizo hazikwenda kasi. Zote ziliendeshwa kwa mwendo mmoja, wa chini, ili ya nyuma isiikute ya mbele na kusiwe na haja ya kupishana. Zilisimama mahali palipopangwa ili watu wale na farasi wanyweshwe. Kikwazo kikubwa mara nyingi hakikuwa njia bali ushushaji: farasi na mzinga haviruki kutoka kwenye behewa kama abiria, vinahitaji jukwaa refu lenye mteremko, na kituo kisicho na jukwaa kama hilo huziba njia nzima. Ndiyo maana Wajerumani walijenga majukwaa marefu kwenye vituo vidogo vya mpakani ambavyo abiria wa kawaida walikuwa wachache mno. Mtu makini aliyetazama majukwaa hayo angeusoma mpango wa vita bila kuiba waraka wowote.

Ratiba ya namna hii haiandaliwi kwa usiku mmoja. Ujerumani ilikuwa na mwaka wake wa uhamasishaji, ulioanza tarehe 1 Aprili, na maofisa wa idara ya reli walitumia miezi mingi kila mwaka kuipanga upya. Kuandaa ratiba mbili, moja ya magharibi na nyingine ya mashariki, kulikuwa mzigo mkubwa. Mwaka 1913 wakaacha kuipanga ile ya mashariki. Huo haukuwa uamuzi wa bunge wala wa kansela. Ulikuwa uamuzi wa ofisi, wa kupunguza kazi, na kwa maoni yangu ndio uamuzi mzito kuliko yote katika miaka ile, kwa sababu tangu siku hiyo Ujerumani haikuwa na njia ya kupigana na Urusi bila kuanza na Ufaransa.

Matokeo yake yalionekana jioni ya tarehe 1 Agosti 1914. Telegramu ya balozi Lichnowsky kutoka London ilimfanya Kaizari Wilhelm II aamini kwamba Uingereza na Ufaransa zinaweza kukaa pembeni. Akamwambia Moltke jeshi lote lielekezwe mashariki. Moltke akajibu kwamba haiwezekani: mkusanyiko wa mamilioni haubuniwi papo kwa papo, na ukilazimishwa utapeleka mashariki kundi la watu wenye silaha wasio na chakula. Kaizari akamwambia kwamba ami yake, yule Moltke aliyewashinda Wafaransa katika vita vya 1870, angempa jibu jingine. Baada ya vita, Jenerali von Staab, aliyehusika na idara ya reli, aliandika kitabu kizima kuonyesha kwamba sehemu kubwa ya jeshi ingeweza kugeuzwa. Pengine hesabu zake ni sahihi. Lakini hesabu inayofanywa miaka kadhaa baadaye, mezani, kwa utulivu, haimsaidii kitu mtu anayehitaji ratiba ya kesho asubuhi. Kufikia saa ile, askari wa Kijerumani walikuwa wamekwisha kuingia kituo cha reli cha Troisvierges nchini Luxemburg, wakaambiwa warudi, na baadaye usiku telegramu ya balozi ilipodhihirika kuwa ya kutoelewana wakaamriwa kuendelea.

Urusi ilikuwa imenaswa na jambo hilohilo siku mbili kabla. Serikali ilitaka kuhamasisha sehemu tu ya jeshi, dhidi ya Austria-Hungaria, ili isiichokoze Ujerumani. Wanadhimu wakasema ratiba ya nusu haipo, na kwamba ukianza na nusu utavuruga ile kamili, kwa kuwa treni, mabehewa na askari wa akiba wa wilaya za kijeshi vimefungamana. Tsar Nicholas II aliidhinisha uhamasishaji wa jumla tarehe 29 Julai, akaufuta usiku huo, akauidhinisha tena tarehe 30. Mnadhimu Mkuu wake, Yanushkevich, alisema safari hii ataivunja simu yake ili asipatikane kupokea amri nyingine ya kubatilisha.

Kisha kuna Liège. Schlieffen alikusudia kupita pia kwenye kipande cha Uholanzi. Moltke alikataa, kwa sababu aliona kwamba vita vikirefuka bandari za Uholanzi isiyoegemea upande wowote zitakuwa koromeo la Ujerumani la kuvutia pumzi. Kwa upande wa biashara aliona mbali. Kwa upande wa jeshi alijibana mwenyewe: majeshi mawili, la Kwanza chini ya Kluck lenye watu wapatao 320,000 na la Pili chini ya Bülow lenye 260,000, sasa yalipaswa kupenya kwenye upenyo wa kilomita 20 hivi, kati ya mpaka wa Uholanzi na milima ya Ardennes, na katikati ya upenyo huo ulikaa mji wa Liège na ngome zake 12. Reli na barabara kuu zote za kwenda Brussels zilipita hapo. Ngome zisipoangukia mikononi mwa Wajerumani mapema, treni zinazovuka Köln kila dakika 11 zingerundika watu wasio na pa kwenda Aachen, mji wa Ujerumani ulio mpakani na Ubelgiji.

Kwa hiyo Liège ilipangwa kushambuliwa kabla hata uhamasishaji haujakamilika, na brigedi sita zilizokuwa bado na idadi ya watu ya wakati wa amani. Shambulio lilianza usiku wa tarehe 5 Agosti. Mji wenyewe ulitekwa tarehe 7, lakini ngome zilibaki zikirusha mizinga mpaka yalipoletwa mazimwi ya mizinga ya kiwanda cha Krupp yenye kipenyo cha milimita 420 pamoja na mizinga ya Skoda ya milimita 305 iliyoazimwa kutoka Austria; ya mwisho ikaanguka tarehe 16. Athari ya jambo hili kwa siasa ndiyo inayonisumbua zaidi. Nchi nyingine zingeweza kuhamasisha jeshi kisha kukaa na kuzungumza. Ujerumani haikuweza, maana mpango wake uliuhesabu uvamizi wa Ubelgiji kuwa sehemu ya siku za mwanzo kabisa za uhamasishaji. Ubelgiji ilipewa saa 12 za kujibu, na kuvamiwa kwake tarehe 4 Agosti kukaiingiza Uingereza vitani siku hiyohiyo.

Sasa tushuke kwenye treni. Jeshi liko Aachen, kuna kilomita mia kadhaa za kwenda, na kutoka hapa ni mwendo wa miguu.

Kitu cha kwanza ni barabara. Kikosi kikuu kimoja kikitembea kwenye barabara moja, safu ya wapiganaji na mizinga yao peke yake huwa na urefu wa karibu kilomita 30, na mikokoteni ya ugavi huongeza kilomita 20 hivi nyuma yake. Mwendo mzuri wa siku ni kilomita 20 hadi 25. Tazama maana yake: kichwa cha safu kinapofika kambi ya jioni, mkia bado uko mwendo wa siku nzima au mbili nyuma. Ukiweka vikosi vikuu viwili barabara moja, cha pili hakiwezi kukisaidia cha kwanza siku ya pigano, kwa sababu kiko nyuma ya kilomita 50 za watu, farasi na magurudumu. Hivyo kila kikosi kikuu kinahitaji barabara yake, na idadi ya barabara zinazoelekea upande mmoja kati ya Brussels na Paris ndiyo inayoamua ukubwa wa ubavu wa kulia. Wanaotaka Moltke angeongeza vikosi vitano au sita pale wanapaswa kuonyesha kwenye ramani vingepita wapi. Schlieffen mwenyewe aliliona tatizo hili katika waraka wake: alihitaji vikosi vikuu vya ziada mbele ya Paris na hakuwa na namna ya kuvifikisha huko. Aliliacha bila jibu.

Cha pili ni farasi, na hapa ningependa msomaji akae nami kidogo. Jeshi la Kwanza la Kluck lilikuwa na farasi 84,000. Walihitaji karibu tani 900 za malisho kila siku. Mkokoteni wa farasi wawili hubeba kama tani moja. Kwa hiyo ungehitaji mikokoteni 900 ya malisho kila siku, na farasi 1,800 wa kuivuta, ambao nao wanakula. Mkokoteni kama huo ukienda mbali zaidi ya kilomita 40 hivi kutoka kituo cha treni, mwendo wa kwenda na kurudi hauwahi tena jeshi linalosonga mbele kila siku. Ndiyo sababu hakuna aliyejaribu hata kuyaleta malisho kutoka nyuma. Amri ilikuwa farasi wale walichokuta. Agosti nafaka ilikuwa shambani, na farasi wakalishwa nafaka mbichi, kitu kinachowavimbisha matumbo na kuwaharisha. Farasi anayefanya kazi nzito anahitaji nafaka kavu. Majani mabichi hayampi nguvu hata akishiba. Kufikia Septemba farasi wa mizinga mizito walikuwa wakianguka barabarani, na wapandafarasi waliotakiwa kutangulia na kuleta habari za adui walikuwa wakitembea kwa miguu wakiwavuta farasi wao.

Kwa upande wa chakula cha watu nitasema ukweli usiosaidia hoja yangu: njaa haikuwa tatizo kubwa. Mashamba ya Ubelgiji na kaskazini mwa Ufaransa yalikuwa na ngano, mboga na mifugo, na jeshi linalotembea kila siku hukuta ghala jipya kila siku. Lakini kuchukua chakula kwa wenyeji, kuchinja, kusaga na kuoka kunachukua saa ambazo zingekuwa za usingizi, na jeshi likisimama wiki moja mahali pamoja limekwisha kula kila kitu kilichopo. Mpango uliokusudia kuizingira Paris ulikusudia kusimama.

Cha tatu ni reli za Ubelgiji. Wabelgiji walibomoa madaraja, wakaziba mahandaki ya treni na kuharibu mitambo ya ishara. Wajerumani walikuwa na makampuni maalumu ya ujenzi wa reli, waliojituma kweli, lakini kufikia mapigano ya Marne ni sehemu ndogo tu ya mtandao wa Ubelgiji iliyokuwa ikifanya kazi. Jeshi la Kwanza na la Pili yalikuwa zaidi ya kilomita 100 kutoka vituo vyao vya mwisho vya treni. Nafasi hiyo ilizibwa na malori. Yalikuwa mashine mpya, yenye matairi ya mpira mgumu, yaliyoendeshwa usiku na mchana na madereva wasiolala, na kufikia Marne takriban asilimia 60 yalikuwa yameharibika. Yale yaliyobaki yalipewa kazi moja tu, risasi na makombora, na kazi hiyo waliifanya vizuri kiasi kwamba mizinga ya Kluck haikunyamaza kwa kukosa makombora. Waliochagua kipaumbele hicho walichagua sawa. Lakini tayari walikuwa wakitumia kitu cha mwisho walichokuwa nacho.

Cha nne ni mawasiliano. Moltke aliongoza kutoka Koblenz, kisha kutoka mwisho wa Agosti kutoka mji wa Luxemburg, zaidi ya kilomita 200 kutoka kwa Kluck. Waya za simu za Ubelgiji zilikuwa zimekatwa, na redio za majeshi ziliungurumiwa makusudi na mtambo wa Wafaransa uliokuwa kwenye mnara wa Eiffel. Ujumbe ulichukua saa nyingi, mara nyingine siku nzima. Mwishowe alimtuma ofisa mmoja, Luteni Kanali Hentsch, kwa gari, azunguke kwa makamanda wa majeshi. Ni ofisa huyo aliyekubaliana na Bülow, na kisha akawaambia maofisa wa Kluck, kwamba kurudi nyuma hakuepukiki.

Na vile vikosi vikuu viwili vilivyopelekwa mashariki? Vingesaidia. Kati ya Kluck na Bülow lilifunguka pengo la kilomita 40 hivi, na ndani yake Waingereza na Jeshi la Tano la Wafaransa wakaingia. Vikosi viwili vingeliziba kwa siku moja au mbili. Pia havikufaa kitu huko vilikokwenda, maana ushindi dhidi ya Warusi huko Tannenberg, Prussia Mashariki, ulipatikana vikiwa bado kwenye treni. Moltke anastahili lawama hiyo. Lakini ongeza na vingine: vilivyoachwa kulizuia jeshi la Ubelgiji lililojifungia Antwerp na kuizingira ngome ya Wafaransa ya Maubeuge. Jeshi linalosonga mbele katika nchi ya watu hupungua bila hata kupigana, na kupungua huko ni jambo la kuhesabiwa tangu mwanzo, si ajali.

Upande wa pili wa Marne hesabu ilikuwa kinyume kabisa. Joffre, kamanda mkuu wa Wafaransa, alianza vibaya sana. Mpango wake, wa namba 17, uliwapeleka Wafaransa kushambulia mashariki, na tarehe 22 Agosti peke yake Wafaransa wapatao 27,000 waliuawa. Alipong'amua kosa lake, kila hatua aliyorudi nyuma ilimsogeza karibu na vituo vya reli vinavyofanya kazi, vinavyoendeshwa na watu wake, vyenye makaa na maji. Akavitoa vikosi Lorraine na Alsace, akavipakia treni, akaviweka karibu na Paris vikaunda Jeshi la Sita chini ya Maunoury. Tunasikia mno habari za teksi 600 za Paris. Zilibeba maelfu machache ya askari kwa usiku mmoja. Treni ndizo zilizobeba jeshi. Askari wa Kluck alikuwa ametembea kilomita 400 na zaidi kwa viatu vyake. Yule aliyekuja kumshambulia ubavuni alikuwa amefika akiwa amekaa kwenye behewa.

Nchi ambayo iliumizwa na reli zake yenyewe kuliko zote ni Austria-Hungaria. Mnadhimu Mkuu wake, Conrad von Hötzendorf, alikuwa na wazo zuri karatasini: kundi moja la kudumu dhidi ya Urusi, kundi dogo dhidi ya Serbia, na kundi la tatu, takriban divisheni 12, la kupelekwa popote litakapohitajika. Akaanza kulipeleka Serbia. Urusi ilipohamasisha, akataka ligeuzwe. Straub, aliyesimamia ofisi ya reli, akamwonya kwamba kugeuza treni njiani kutaleta vurugu kubwa. Basi Jeshi la Pili likaenda mpaka Mto Danube, likashuka, kisha likapakiwa tena kuelekea Galicia, upande wa Urusi, likafika vita vikiwa vimekwisha kuanza. Akiba isiyoweza kugeuzwa wakati wa kugeuzwa si akiba. Aliyepaswa kulijua hilo miaka mitano kabla ni Conrad mwenyewe.

Prussia Mashariki, Wajerumani walikuwa ndio wenye reli. Reli za Urusi zilikuwa na upana wa milimita 1,524, za Ujerumani 1,435, kwa hiyo treni za Urusi zilisimama mpakani na majeshi ya Rennenkampf na Samsonov yakaingia kwa miguu, kwenye mchanga na misitu, huku yakipeana amri kwa redio bila kuzificha kwa msimbo. Wajerumani wakamwachia Rennenkampf wapandafarasi wachache, wakapakia kikosi kikuu kimoja kwenye treni na kukishusha upande wa pili wa Samsonov. Kati ya tarehe 26 na 30 Agosti jeshi lake likavunjwa.

Miezi miwili baadaye hesabu ileile ilijirudia mahali pengine, kwa udogo. Tarehe 2 Novemba 1914 Waingereza walifika Tanga na askari wapatao 8,000 kutoka India. Mpango wao ulihesabu meli na idadi ya watu. Haukuhesabu kwamba Tanga ilikuwa mwisho wa reli ya kilomita 350 hivi inayotoka Moshi, ambako Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani katika Afrika Mashariki, alikuwa ameweka nguvu zake nyingi. Nahodha wa manowari Fox aliingia bandarini kwanza kuutangazia mji kwamba makubaliano ya kutoshambuliana yamefutwa, na ushushaji wa askari ukachukua muda mrefu. Kila saa iliyopita, treni ilileta kampuni nyingine. Watu wapatao 1,000 wakawarudisha 8,000 baharini, na Waingereza wakaacha ufukweni bombomu 16, mamia ya bunduki na risasi zipatazo 600,000.

Baada ya hapo, kampeni ya Afrika Mashariki iliondoka kwenye reli, na huku hapakuwa na farasi wa kutegemewa, kwa sababu mbung'o waliwaua. Mzigo ukapanda kichwani mwa binadamu. Waingereza waliunda Carrier Corps, kikosi cha wapagazi ambacho jina lake limebaki Kariakoo. Piga hesabu ileile ya malisho: mpagazi anabeba kilo 25 za unga na anakula kama kilo moja kwa siku. Akitembea siku 12 mbele na 12 kurudi, amekula kilo 24, na kilo moja ndiyo imemfikia askari. Ili kumfikishia askari kilo mbili kwa siku hizo, inabidi wapagazi wawili. Ili kuwapunguzia njaa hao wawili, inabidi vituo vya unga njiani, ambavyo navyo hujazwa na wapagazi wengine. Wakati wa kupanga, hesabu hiyo haikufanywa. Ilifanywa njiani, kwa kukamata watu zaidi kijiji hadi kijiji. Makumi ya maelfu yao hawakurudi, na wengi hawakufa kwa risasi bali kwa kuhara, malaria, na unga wa mahindi ambao hawakuwa na sufuria wala muda wa kuuivisha.